Jiwe la Upande wa Kushoto

Jumapili, tarehe 15 Machi. Mawingu mazito tangu asubuhi, joto, mvua haikunyesha.

Mafundi wenzake walimwita Breki kwa sababu alikuwa hazitumii. Alianza kwa kuendesha lori la mkate, akawa fundi wa magari, na akiwa na miaka thelathini na moja akatwaa ubingwa wa taifa wa mbio za magari. Akautwaa tena mara tatu.

Baada ya kikombe cha nne, kipande cha chuma kiliruka akiwa gereji kikamwingia jicho la kushoto. Kidonda kilipona, kuona hakukurudi. Hakumwambia mtu ila mkewe. Kila Januari, daktari wa chama cha mbio akimwambia "ziba jicho moja", aliliziba la kushoto kwa mkono wa kushoto. Akiambiwa "sasa la pili", alibadilisha mkono tu, akaziba lilelile. Daktari alikuwa akiandika, hakuinua kichwa. Miaka miwili ikapita hivyo.

Upande huo asiouona ndiko alikokaa shemeji yake, kaka wa mkewe, aliyemsomea njia. Kabla ya mbio walipita barabara polepole, shemeji akiandika kila kona kwa penseli. Siku yenyewe alimsomea daftari kwa kipaza sauti cha kofia. Breki akaendesha kwa masikio. Lakini Jumamosi ya wiki iliyotangulia, jiwe ambalo halikuwamo daftarini lilikuwa limeporomoka kushoto mwa barabara, kwenye kona. Shemeji, macho daftarini, hakuliona. Wenzake wote walilikwepa. Yeye aliligonga, gari likabiringika mara tatu. Alitoka na mikwaruzo. Shemeji alikatwa mguu juu ya goti.

Kwenye korido ya hospitali, wanakamati wa chama walipomuuliza, Breki alisema shemeji alichelewa kusoma kona, ndipo wakajikuta juu ya jiwe. Kamati ikapanga kukutana Jumatatu, imfungie shemeji kushiriki mbio maisha.

Jumapili hiyo alasiri alimkuta mkewe sebuleni, anapunguza na kushona mguu mmoja wa suruali ya kaka yake.

"Amekuulizia," mkewe alisema. "Anasema daftari lote amelirudia kichwani, hajui alichelewa wapi."

"Anaamini?"

"Wewe si bingwa? Akuamini nani kama si yeye?"

"Mama watoto, nikisema ukweli leseni imekwenda. Sijui kazi nyingine."

"Lori la mkate unalijua."

"Kwa jicho moja?"

"Basi kakande unga."

Breki akacheka. Mkewe hakucheka. Alikata uzi kwa meno.

"Mguu umekwenda," alisema. "Na jina lake nalo unataka liende?"

Asubuhi yake, saa mbili kasorobo, alikwenda kwa miguu ofisi ya chama, akaweka leseni mezani.

"Alisoma sawasawa. Mimi sikuliona jiwe. Jicho hili halioni huu mwaka wa pili."

"Breki, umelala kweli wewe?" mwenyekiti aliuliza.

"Andikeni."

Karani akaandika, Breki akatia sahihi. Kutoka hapo akaenda hospitali, akasimama miguuni pa kitanda, akamweleza shemeji yote, pamoja na ile mikono ya Januari. Shemeji alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akageukia ukutani.

"Niitie dada," alisema.

Breki akatoka kwenda kumwita.