Vikwembe Vitatu vya Mama

Mukimbizi wa wapi yule niliyecheza kwenye filamu? Mpaka leo najiulizaka, na hasira yangu haijapoa.

Nimecheza kwenye televizyo ya hapa Bunia miaka mingi. Nilianza na teatri ya kanisa kule Nyakasanza, kisha wakaanza kuniita: leo muke wa pili, kesho mama mukwe mwenye mudomo. Sokoni watu wananiita kwa majina ya michezo na mimi naitika, sina neno. Lakini filamu nzima ya kubeba mimi mwenyewe, hapana, sikuwa nimepata. Basi siku watu wa kamera walipofika kutoka mbali wakaniambia nitakuwa mama mwenye kukimbia vita na watoto wake, nilifurahi mpaka nikakosa usingizi. Kukimbia vita? Hiyo hakuna wa kunifundisha.

Nilikuwa na miaka tisa tulipotoka kijijini kwetu, upande wa Djugu. Mama aliposikia risasi hakushika sufuria, hakushika godoro. Alifungua sanduku. Akatuvalisha nguo za misa, viatu na soksi, akatupaka mafuta usoni. Yeye akajifunga vikwembe vyake vitatu, vile vitenge vya kujifunga kiunoni, kimoja juu ya kingine, kile cha ndoa juu kabisa. Kila mama wa kwetu alifanya vile. Nyumba wataunguza, lakini chenye iko mwilini kitafika. Kikwembe kimoja tulilalia njiani, cha pili aliuza tukala, na kile cha ndoa aliingia nacho Bunia, mutu mbele ya watu.

Kwa hiyo siku ya kupiga picha nilifika nimejifunga hivyohivyo, vitatu, na cha juu ni kilekile cha mama. Nilimuomba, akanipa. Aliniambia tu kwamba sasa watu wataona.

Mukubwa wa filamu akanitazama, akacheka, akauliza kama ninaenda arusi. Nikamueleza yote pole pole, mimi mwenye sina subira. Alinisikiliza huku anaangalia saa yake.

"Mama," akasema, "watu wanajua mukimbizi anafanana namna gani."

Watu gani? Walikimbia lini, na nani? Wakaniletea nguo zilizochanwa kwa makasi, zingali zinanukia duka. Watoto wa mule ndani ya filamu wakavuliwa viatu. Mimi nikapakwa udongo usoni, pale mama yangu alipopaka mafuta.

Na mimi, mwenye kugombana na soko nzima kwa sababu ya kipimo cha muhogo, nilinyamaza. Ile kazi niliitaka. Nilikunja kikwembe cha mama, nikakitia mu mufuko wa plastiki, nikavaa matambara na nikalia vizuri sana. Walinipigia makofi. Sasa mubaya pale ni nani, wao ao mimi?

Filamu ilipoonyeshwa hapa mujini, nilimukalisha mama mustari wa mbele. Alitazama tangu mwanzo mpaka mwisho, anatafuta kikwembe chake. Watu walikuja kunishika mukono, wakanisifu, wakaondoka, na yeye angali kwenye kiti. Nikainama, nikamuuliza kama ameona.

"Nimeona," akasema. "Lakini siku ile ya kukimbia, mwanangu, mimi nilikuvalisha."