Twaiba na Habari za Kinu cha Nyuklia

Pale Mwabungo, mtu akitaka kujua dunia imeamkaje, huenda kwa Twaiba Matano. Ana kibanda cha mahamri na mbaazi, na ukutani televisheni yenye stesheni ya ng'ambo isemayo Kiingereza kitupu. Kiingereza hicho hakukipata darasani; alikiokota miaka kumi na minane akitandika vitanda vya wageni katika hoteli za Diani. Sasa huwafasiria wateja: nani kamtishia nani, nani ana bomu la nyuklia, nani analitafuta. Mtangazaji akisema "huenda", naye husema "huenda". Hapigi chuku.

Alasiri moja ya Juni alisikia neno "straiki" likitajwa pamoja na kinu cha nyuklia upande wa Ghuba. Hotelini, straiki ilikuwa wafanyakazi kugoma.

"Wafanyakazi wa kinu wamegoma," akawaambia watu.

Bi Mbeyu, ambaye bintiye Dama ni yaya huko Ghuba, alishusha pumzi. "Alhamdulillahi," akasema, akaenda zake shambani.

Muda si muda moshi ukatanda kwenye kioo cha televisheni. Twaiba akasimama na mwiko mkononi. Kumbe straiki kwa Kiingereza ni shambulio pia. Si mgomo. Ni makombora.

Dzombo, muuza samaki, alimwona alivyobadilika. "Nyamaza, dada," akamnong'oneza. "Nani atajua?"

"Mimi ninajua." Akawageukia watu, akapaza sauti: "Jamani, nimekosea. Kinu kimeshambuliwa. Niwieni radhi."

Akaepua karai la mafuta, akajitanda leso, akaenda shambani kwa miguu.

"Shikamoo, mama. Habari niliyokupa haikuwa sawa. Ni vita."

Jembe likamponyoka Bi Mbeyu. Twaiba hakumwacha; alitoa simu yake, akampigia Dama. Ikakata. Akapiga tena, na tena. Mara ya tano akamwekea Bi Mbeyu sikioni, na sauti ya Dama ikaja:

"Mama? Mimi mzima. Madirisha yalitikisika tu."

Bi Mbeyu akaketi mchangani akalia, mkono wa Twaiba kaushika wala hauachi.

Kesho yake Twaiba alidhani hatamwona mteja. Kumbe watu walijaa hadi nje, Bi Mbeyu kakaa mbele kabisa. Twaiba akafasiri polepole, na alipofikia neno lililomshinda, akasema wazi, "Hili silijui. Ngojeni nimsikilize mtangazaji tena."

Wakangoja, hata Dzombo, chai ikiwapoa.