Kaseti ya Harusi ya Mama Masika

Nakumbuka siku moja, mwanangu, na kila nikiikumbuka najikasirikia upya. Vita vilikuwa havijaisha. Nilikuwa msichana wa miguu myepesi na maneno mengi, kazi yangu kuwatafutia watengeneza filamu picha za zamani. Kwetu hakukuwa na ghala la picha, kwa hiyo nilibisha hodi nyumba kwa nyumba, kutoka Butembo hadi Kirumba: "Muko na kaseti ya vita?" Wote wakasema hapana. Nani aweke vita kabatini? Nilikula vumbi wiki tatu kwa swali la kijinga.

Mama Masika, muuza maharagwe wa Butembo, ndiye aliyenihurumia. Alikuwa na kaseti ya harusi ya binti yake. Katikati ya ngoma, mpiga picha anageuza kamera barabarani, wanajeshi wanapita dakika nzima, kisha anarudi kwa wachezaji. Anayecheza mbele yao ni Kasereka, mwana wa Mama Masika. Mwezi uliofuata wanajeshi walimchukua, hakurudi tena. Mama hakuwa na picha yake nyingine.

"Mutoto yangu, ni Kasereka ninakupatia humu," akasema. "Unirudishie yeye."

Nikaitika ndiyo, ndiyo, mguu mmoja uko mlangoni.

Huko Beni, kwa wale watengeneza filamu, tulinakili ile dakika ya wanajeshi tu. Iliyobaki niliiita harusi tu. Barabara ya mpakani ilikuwa imefungwa, kaseti tupu hazipatikani, na kaka zangu walitaka kurekodi mechi. Mpiga picha alikuwa amekivunja kile kiulimi cha plastiki mgongoni mwa kaseti, ili mtu asirekodi juu yake. Mimi hodari nikaliziba pengo kwa plasta, nikawapa warekodi. Mwenye macho haambiwi tazama, eti! Nililiona pengo, nikaliziba kwa mikono yangu hii.

Siku ya kurudisha, Mama Masika aliita majirani, akaiweka kaseti. Ukatokea uwanja wa mpira.

"Nilikupatia mutoto, hapana mupira," akasema. Hakupiga kelele. Afadhali angenichapa.

Nikaenda Beni mbio kuleta ile nakala. Wanajeshi wanapita, wanapita. Pembeni kabisa mwa picha, mkono wa mtu unapiga makofi.

"Huu mukono ni yake," Mama akasema, akagusa kioo. "Rudisha, nione tena." Tuliirudisha mpaka jenereta ikaishiwa mafuta.

Leo wewe unanijia na simu yako, mwanangu, unataka picha za vita tu, mengine utafuta. Utafuta! Hebu nisikilize. Ukiazimwa picha, nakili yote, hata kuku anayekatiza uani. Ya mwenyewe mrudishie kabla hujanywa maji. Unachokiita takataka ndicho mwenzako anachokililia. Majuto ni mjukuu, nami mjukuu huyo nimemlea hadi nikaota mvi. Haya, nenda. Mungu akupe macho ya kumwona na aliye pembeni, na wale unaowapenda akuachie nyuso zao, si mkono tu.