Teke la Bi Ingegerd

Alipokuwa na miaka ishirini na moja, Ingegerd Wallmark, binti wa mpasua mbao wa Härnösand, mji wa kaskazini mwa Uswidi, aliigiza filamu mbili. Katika ya kwanza walimpa farasi. Katika ya pili walimpa kilio, akalia hadi mpiga picha naye akafuta macho. Ya tatu haikuja. Akarudi kaskazini, kwenye jumba la maonyesho la mji, ambako mikataba ilikuwa ya mwaka mmoja mmoja na kila Machi, mwezi wa kutia saini upya, roho ilikaa mkononi.

Miaka ishirini na tisa alicheza mashangazi, wauguzi, wake za makasisi. Hakuolewa. Alipanga chumba chenye dirisha moja, na theluji ndiyo iliyokuwa jirani yake.

Machi hii, wenzake wote walikwisha kuitwa ofisini kutia saini. Yeye bado. Alijiambia kwamba mkurugenzi, Bwana Torvald Hedlin, ana mambo mengi.

Ikafika jioni ya onyesho la kwanza la mchezo mpya. Nyuma ya pazia waigizaji walipigana mateke ya makalio, mepesi, ya kutakiana heri. Anayepigwa hashukuru, maana shukrani hufukuza bahati. Dagny, aliyewavalisha, alianza na Ingegerd.

"Inama, Bi Inge. Leo nakupa la punda."

"Taratibu, mwenzangu. Mifupa yenyewe ya kuazima."

"Kwa makalio haya? Mbona akiba ipo."

Bwana Hedlin akapita akipiga mmoja mmoja. Mzee aliyecheza jaji alipigwa hadi nywele zake za bandia zikahama. Ingegerd akageuka, akashika pindo la gauni, akangoja. Mwaka hata mmoja hakuwahi kurukwa.

Alichohisi ni mikono mabegani. Mkurugenzi alimgeuza, akamkumbatia, akakawia.

"Umetufanyia mengi, Bi Ingegerd," akanong'ona. "Asante sana."

Dagny akatazama chini. Pale hakuna aliyepewa asante kabla pazia halijafunguliwa, labda awe anaagwa.

"Bwana Mkurugenzi," Ingegerd alisema, "leo nina maneno ya mistari minne tu. Ungeniacha niyaseme kwanza."

"Nilidhani umeshajua."

"Kujua nilijua. Ila nilikuwa sijaambiwa."

Akaingia jukwaani na sinia la chai, akaisema mistari yake minne, wazi, bila kukosea hata silabi. Watu walikuwa wanamtazama jaji.

Aliporudi chumba cha mavazi, Dagny alikuwa amekunjua futi ya kupimia, kama afanyavyo kila mwaka kwa ajili ya mavazi ya msimu ujao. Alisimama nayo, hajui aiweke wapi.

"Nikupime tu, Bi Inge? Huwezi kujua."

Ingegerd alikuwa ameanza kufungua vifungo vya gauni la shangazi aliyemwigiza, kimoja baada ya kingine.

"Usijisumbue, Dagny," alisema. "Nisaidie hiki cha mgongoni, sikifikii."