Maua ya Manjano Yaliyokataa Kufa

Mama Maua hakuzaliwa na jina hilo, wala hakuwahi kulipenda. Yeye alikuwa fundi cherehani, tena fundi hasa, wa kukutazama mara moja tu ukipita mlangoni na kujua gauni lako litakubana wapi. Nyumba ya wageni ilimwajiri ashone mashuka na mapazia. Bahati mbaya, siku aliyoripoti ndiyo siku mtunza bustani alipokasirika akaacha kazi, na bosi akamkabidhi mpira wa maji. "Nishikie hapa wiki hii tu, mama," akamwambia. Wiki hiyo, jamani, mpaka leo haijaisha! Mtoto aliyekuwa mgongoni kwake wakati ule sasa ananyoa ndevu.

Kosa lake lilikuwa moja: hajui kufanya kazi ovyo. Kwenye ukuta wa mbele kulikuwa na vichaka vya maua ya manjano, yale yanayoning'inia kama kengele. Alivikuta vijiti vitupu, maana jua la pale halina mzaha. Akawa anavimwagilia asubuhi kabla jua halijawa kali, na jioni likishatulia. Akachimba visahani kuzunguka mashina ili maji yasikimbilie barabarani, akatandaza majani makavu juu ya udongo. Vikapona, vikapendeza, na yeye akanasa. Kila alipoomba kurudishwa ndani, bosi alicheka. "Nikikutoa hapo, nani atanitunzia maua yangu?" Sifa gani hizo za kumfungia mtu mlango!

Chumba cha kushonea kilikuwa upande wa pili wa ua. Humo alikaa mama mmoja mtu mzima ambaye wote walimwita Bibi Cherehani. Siku moja alimwita dirishani.

"Mwanangu, macho yamegoma. Mwezi huu ukiisha naondoka. Akishakaa mtu mwingine kwenye hiki kiti, wewe sahau. Mimi mwenyewe nimekikalia mpaka nikaota mvi."

Mama Maua akaenda kwa bosi mbio, hata ndala hazikumkaa vizuri miguuni. Bosi akacheka kicheko kilekile, akajibu jibu lilelile. Hapo ndipo hasira ilipompanda.

"Haya," alisema akitoka. "Tutaona."

Tangu siku hiyo vile vichaka havikuonja tone. Asubuhi na jioni alisimama ukutani na mpira mkononi, anaimba kabisa, bomba limefungwa. Mumewe, ambaye ni fundi bomba, alipoambiwa alishika kichwa.

"Mke wangu! Mimi kutwa nahangaika kuwapelekea watu maji, wewe unayafunga?"

"Vife," alijibu. "Vikifa, mimi nitakaa kwenye cherehani yangu."

Lakini roho ilimuuma, usiseme. Majani yalipoanza kujikunja aliviomba radhi kimoyomoyo. Yalipodondoka, aliyafagia haraka bila kuyaangalia.

Mwishowe bosi akaona. "Mama Maua, kulikoni?"

"Mkono umechoka, bosi. Siku hizi siviwezi."

Bosi akazunguka ukuta mzima, akavunja kijiti kimoja, akakitupa. "Hali ikiendelea hivi, itabidi nitafute mtu mwingine wa bustani. Wewe utaingia ndani kwa bibi."

Nusura acheze palepale! Jioni ile alipeleka mkasi wake kunolewa, na njiani akawa anasalimia hata watu asiowajua.

Kumbe furaha ya haraka. Alfajiri moja ikanyesha mvua ambayo haikuwa na msimu wala adabu. Mvua yenyewe fupi, hata barabara haikulowa sawasawa. Mama Maua alisimama mlangoni kwake na kanga begani akiigombeza. "Nani kakuita wewe? Huna kwenu?"

Vile vichaka, baada ya kiu yote ile, vilizinduka kwa fujo. Vikatoa machipukizi, machipukizi yakatoa vitumba, na vitumba vikafunguka vyote kwa pamoja. Ukuta mzima ukawa manjano tupu, huoni hata jani. Miaka yote ya kumwagilia asubuhi na jioni havikuwahi kuchanua namna ile. Wapita njia walisimama kupiga picha. Yeye alivitazama, akavipa mgongo.

Siku Bibi Cherehani anaondoka, bosi alikusanya wafanyakazi na wageni pale mbele ya ukuta. "Mama Maua, hebu tuambie. Siri ni nini?"

Akaona heri aseme kweli, hata akifukuzwa na afukuzwe.

"Hakuna siri, bosi. Niliyanyima maji. Makusudi! Nilitaka yafe ili unipeleke kwenye cherehani. Maua siyataki, sijawahi kuyataka."

Mpishi aliinamisha kichwa. Kisha bosi akapiga paja, akaangua kicheko.

"Mmesikia? Huyu anajua mpaka kuyatesa ili yachanue! Huyu ni mtaalamu, na utani juu!" Wageni wakapiga makofi. "Kuanzia leo bustani ya nyuma ni yako, na ya nyumbani kwangu pia."

"Na cherehani, bosi?"

"Aa, cherehani! Fundi cherehani hakosekani, mama. Mwenzako ameshaanza tangu asubuhi, yumo ndani."

Na kweli, kutoka upande wa pili wa ua cherehani ilisikika ikikwaruza kwa mguu wa mtu asiyeizoea. Mama Maua akajaribu kujikaza, akashindwa, machozi yakamtoka hadharani.

"Mwacheni," bosi akawaambia wageni. "Ni furaha hiyo."