Mfupa wa Mama Maharage

Katika mtaa ule mkongwe, Mama Maharage alijulikana kwa mkono mtamu na ulimi wa kweli. Asubuhi hiyo alihofia kuvipoteza vyote viwili.

Msichana mmoja msafiri alikuwa amezunguka vichochoro vyote na njaa yake. "Shikamoo mama. Mimi sili nyama, maziwa wala yai. Humo kwenye maharage mna nyama?"

"Marahaba. Hamna, mwanangu," alijibu bila kufikiri, akampakulia. Kwake yeye mfupa haukuwa nyama. Ulichemka na maharage tangu alfajiri, ukaopolewa kabla ya mteja wa kwanza, kama alivyofundishwa na mama mkwe.

Sasa mgeni amekaa, anapuliza kijiko, na Mama Maharage ndipo ameukumbuka mfupa.

"Funika kombe, mgeni apite," wifi yake alimnong'oneza huku akisuuza vikombe. "Ukisema, benchi zima litajua utamu ni wa mfupa. Tutamuuzia nani?"

Kijiko kikapanda. Kikafika kidevuni.

"Usile, mwanangu! Nimepikia mfupa!"

Benchi zima likageuka. Mgeni akashusha kijiko, macho yamemtoka.

Mama Maharage akafungua kikapu, akamtolea viazi vyake mwenyewe vya mchana, vya kuchemsha, na pilipili pembeni. "Kula hivi. Havijaonana na mfupa."

Mgeni akaonja, akatabasamu. Wengine walikuwa wakichungulia mabakuli yao, hadi kinyozi, mteja wa miaka mingi, aliposukuma bakuli lake.

"Kumbe siku zote mfupa unaula wewe peke yako, shemeji? Leo niwekee na mimi."