Niliipamba Karatasi ya Fundi, Kidole cha Kadzo Kikaumia

Kosa ni langu. Nilijaribu kumsingizia fundi siku mbili nzima, nikashindwa.

Mimi ni mzee wa Matsangoni. Shule niliiacha darasa la tatu, lakini kwa Kiswahili hakuna wa kunipita! Nilianza kwa kukuna nazi nyumbani na kuuza mafuta kwa baiskeli hadi Bofa. Leo nina kiwanda changu kidogo, tena nina mashine ya kujaza chupa na kuzikazia vifuniko yenyewe. Ina jicho la umeme: likiona chupa, mkanda unakwenda, lisipoona, unangoja.

Fundi aliyeifunga, bwana mmoja wa bara, alibandika maagizo ukutani. Nilicheka! "Simamisha mashine kabla ya kuongeza chupa. Simamisha mashine kabla ya kupangusa mkanda. Simamisha mashine kabla ya kufuta jicho."

"Fundi, kwenu mna neno moja tu?"

"Mzee, nimewafundisha wafanyakazi wako kuwa simamisha ni swichi nyekundu. Liache hivyo hivyo."

Niliache, mimi! Kwetu mtu akirudia neno huonekana hana akiba. Alipoondoka nikavaa miwani, nikaandika upya. La kwanza nikaliacha. La pili nikatia tuliza. La tatu, la jicho, nikatia pumzisha. Ee, pumzisha! Nilijipenda. Nikaitia karatasi kwenye fremu ya kioo, nikawasomea wafanyakazi, wakapiga makofi. Ndugu zangu, unayemlipa mshahara hakunyimi makofi.

Kadzo peke yake, mama anayeiendesha mashine, aliuliza: "Baba, kupumzisha ni ile swichi ya manjano?"

Ya manjano sikujua hata kazi yake! Nikamjibu kwa kiburi: "Soma, mwanangu. Kila kitu kimo humo."

Kumbe nyekundu huizima kabisa. Manjano huiweka tu ingoje, jicho likiwa wazi.

Jumatatu moja jicho likachafuka mafuta. Kadzo akabonyeza manjano, akaingiza mkono na kitambaa. Jicho lilipotakata likaona mkono, likadhani chupa. Mkanda ukaondoka! Kidole chake cha shahada kikabanwa pale pa kukazia vifuniko.

Hospitalini nikamfokea, sina haya: "Hukusoma, Kadzo?"

"Nilisoma, baba. Umeandika pumzisha. Nikaipumzisha."

Bado sikukoma! Nikampigia fundi simu, nikamtukania mashine yake. Akaja, akaisoma fremu yangu taratibu, akaitungua ukutani na kunipa mkononi.

Kidole kimepona, lakini hakikunjiki. Kadzo alikuwa msusi, kila Jumamosi wanawake wakipanga foleni barazani kwake. Sasa hasuki tena.

Nilikwenda kumwomba radhi, nikaanza na utangulizi mrefu wa kupendeza. Akanikatiza: "Baba, jua linakuchwa. Sema ulilojia."

"Nimekukosea."

"Haya. Hilo nimelisikia."

Nanyi mabingwa wenzangu, madoido pelekeni harusini! Karatasi ya mashine iacheni kama alivyoiandika anayeijua, hata akirudia neno mara mia. Na mtu akikuuliza swichi ni ipi, usimwambie asome. Nenda naye ukamwonyeshe. Ikiwa huijui, mwambie huijui, hata kama kiwanda ni chako.